Mizani Mbili za Nyasa

Mshairi wa Kiswahili akilipokea neno geni, jambo la kwanza alifanyalo ni kulihesabia mizani. Kabla hajauliza asili yake wala maana yake, hulitamka polepole huku akikunja vidole. Neno Nyasa lina mizani mbili: Nya-sa. Kyela nalo lina mbili: Kye-la. Nyakyusa lina tatu: Nya-kyu-sa. Mtu wa Itungi au wa Matema, kwenye ncha ya kaskazini ya ziwa, hayatamki vinginevyo.

Lakini Mwingereza akilifungua kamusi lake na kulisoma neno la kwanza, hupata mizani tatu, Nai-a-sa, na nguvu ya sauti huiweka katikati. Akilisoma la pili hupata tatu vilevile, Ki-ye-la, na la tatu humpa nne. Neno lililokuwa limekaa sawa katika kipande chake limefura, na ushairi umeharibika. Msomaji wa pwani aweza kusema kwamba jambo hili ni dogo, kwani kila taifa hutamka kwa ulimi wake; nasi twasema shati na bulangeti wala hatujashitakiwa na mtu. Kweli. Lakini mizani iliyozidi mara nyingi ni dalili ya kitu kingine kilichopungua. Neno lisafiripo kutoka kinywa cha mvuvi hadi kamusi la London, sauti huongezeka na maana hupungua, na aliyelitamka kwanza hupotea kabisa. Habari ya maneno ya Ziwa Nyasa katika lugha ya Kiingereza ni habari ya mambo hayo matatu.

Kwa Mwingereza wa kawaida maneno hayo ni adimu. Yamo katika kamusi kubwakubwa, katika vitabu vya wataalamu wa samaki na wadudu, na katika taarifa za wasafiri wa karne ya kumi na tisa. Lakini uadimu haumo ndani ya neno. Umo mahali aliposimama msomaji. Mbasa si neno adimu Kyela, ni kitoweo. Usipa si istilahi. Ni samaki mdogo aanikwaye mchangani.

Safari ya maneno hayo kuingia katika Kiingereza haikuanzia ziwani. Ilianzia pwani, tena katika nchi ya Mombasa. Mwaka 1846 alifika huko mmisionari Mjerumani, Johannes Rebmann, akakaa Rabai pamoja na mwenzake Ludwig Krapf. Rebmann akumbukwa zaidi kwa kuiona theluji ya Kilimanjaro mwaka 1848, na kwa wataalamu wa Ulaya waliomcheka. Kazi yake nyingine haikumbukwi sana. Katika miaka ya 1853 na 1854 alikaa na mtu mmoja wa bara aitwaye Salimini, akamuuliza maneno ya lugha ya kwao, neno baada ya neno. Salimini alikuwa mtumwa. Alitekwa katika nchi iliyo upande wa magharibi wa ziwa, akauzwa mkono kwa mkono mpaka pwani, na huko akawa mali ya mtu. Hata jina lake lina sauti ya pwani, si ya ziwani.

Mjerumani aliuliza, mtu wa ziwani akajibu, na maana ikaandikwa kwa Kiingereza. Lugha yenyewe haikuwa Kinyakyusa cha Kyela bali ile ambayo leo huitwa Kichewa au Kinyanja. Lakini maji yalikuwa yaleyale. Maandishi hayo yalikaa sandukuni zaidi ya miaka ishirini. Rebmann akapofuka, akarejea Ulaya mwaka 1875, akafariki mwaka uliofuata. Krapf ndiye aliyeyatoa chapa mwaka 1877, yakaitwa kamusi la lugha ya Kiniassa. Tazama basi mpangilio wa mambo: maneno ya ziwa yalikwisha kuandikwa Rabai miaka mitano au sita kabla Livingstone hajaliona ziwa lenyewe, na aliyeyatoa ni mtu ambaye asingeweza kurudi kwao kwa hiari yake. Kila neno aliloulizwa, la mtumbwi au la mvua au la mama, ilimlazimu alitafute katika nchi aliyonyang'anywa.

Wakati huohuo mwenzao wa tatu, Jakob Erhardt, alikaa Tanga kwa miezi kadhaa mwaka 1854 akiwahoji watu wa misafara. Aliyetoka Kilwa alimwambia kwamba mwisho wa safari ni maji makubwa. Aliyekwenda kwa njia ya Unyamwezi alisema vivyo hivyo, na aliyepita njia za kaskazini pia. Erhardt akafikiri: kama njia zote zaishia majini, basi maji ni mamoja. Ndipo ikachorwa ile ramani mashuhuri iliyosomwa London mwaka 1856, yenye ziwa moja refu lililonona, mfano wa konokono asiye na koa lake, likikumbatia Nyasa, Tanganyika na Ukerewe kwa pamoja. Wakubwa wa jiografia waliicheka, lakini ndiyo iliyowatoa Burton na Speke kwao mwaka huohuo ili kuhakikisha.

Waliohojiwa hawakusema uongo. Kila mmoja alisema alilolijua, na alilolijua lilikuwa kweli. Kosa lilikuwa kwa msikiaji, aliyedhani kwamba mtu akitaja maji makubwa amekwisha kutaja jina. Kosa hilo ndilo lililorudiwa baadaye, nalo likadumu.

Mwezi wa Septemba mwaka 1859 David Livingstone alifika kwenye ncha ya kusini ya ziwa kwa kufuata mto Shire. Hakuwa mgeni wa kwanza. Mreno wa Tete aitwaye Candido José da Costa Cardoso anatajwa kuwa alifika mwaka 1846, na Livingstone alipata kuzungumza naye kabla ya safari yake. Livingstone aliandika Nyassa, kwa s mbili, kwa maana katika desturi ya Kiingereza s moja iliyo kati ya irabu huelekea kutamkwa z. Alitaka kuilinda sauti. Kwa hilo astahili shukrani. Ila maana haikulindwa. Katika Kiyao, nyasa ni ziwa, ni maji mapana. Ni ndugu wa nyanja ya Kinyanja na nyanza ya watu wa kaskazini magharibi. Aliyeulizwa, "Haya ni nini?" alijibu, "Ni ziwa." Basi tangu hapo Waingereza wakaliita Ziwa Ziwa, na hata leo ndivyo tulisemavyo sisi wenyewe kwa Kiswahili bila kujicheka.

Wareno waliandika Niassa, nalo ni jina la mkoa wa kaskazini wa Msumbiji hadi sasa. Wajerumani wakaandika Njassa, kwa kuwa j yao ni y yetu. Waingereza wakapunguza s moja, wakapata Nyasa, na mwaka 1907 wakaipa nchi nzima jina la Nyasaland, yaani nchi ya ziwa. Neno moja la mizani mbili likavaa kanzu nne, na kila kanzu ikashonwa na fundi aliyeshika bendera.

Msomaji asidhani kuwa huu ni mchezo wa herufi. Tarehe 1 Julai 1890 Uingereza na Ujerumani zilitia saini mkataba uleule ulioiweka Zanzibar chini ya ulinzi wa Waingereza. Visiwani mkataba huo hukumbukwa kwa sababu hiyo. Lakini ndani yake kulikuwamo pia mstari uliopita ukingoni mwa ziwa, mashariki na kaskazini na magharibi, mpaka kwenye kinywa cha mto Songwe. Kwa mstari huo mtu wa Kyela aliwekwa nchi kavu, na maji aliyooga na kuvua yakaandikwa katika fungu la mwingine. Nyasaland ilipopata uhuru mwezi wa Julai 1964 ikaitwa Malawi, na ziwa nalo likaitwa Malawi upande ule. Upande huu likabaki Nyasa. Malawi hushika maneno ya mkataba wa 1890. Tanzania husema kwamba mpaka wapita katikati ya maji, kama ilivyo desturi ya mataifa. Ugomvi ulisikika mwaka 1967, ukatulia, ukaamka tena mwaka 2012 kwa ajili ya utafutaji wa mafuta na gesi, na marais wastaafu wa Afrika wakaombwa kusuluhisha. Siku hizi mtu akilitaja jina la ziwa mbele ya wageni, amekwisha kusema ametoka ng'ambo gani. Neno lililokuwa na maana ya maji tu, yasiyo na mwenyewe, limekuwa hati ya kudai maji.

Turudi kaskazini. Mwaka 1879 msafara ulitoka Dar es Salaam ukielekea ncha ya juu ya Nyasa. Kiongozi wake, Keith Johnston, alifariki njiani, na amri ikamwangukia kijana wa miaka 21, Joseph Thomson. Thomson ndiye aliyeandika kitabu, kikatoka mwaka 1881, na ndani yake kuna sifa nyingi za nchi aliyoikuta huko: migomba, nyumba safi, watu wakunjufu. Lakini aliyeuongoza msafara katika shughuli zake za kila siku, akizungumza na wenyeji na kupatana nao, alikuwa James Chuma. Huyu alikuwa Myao aliyekombolewa utumwani mwaka 1861, yeye ambaye pamoja na Susi waliubeba mwili wa Livingstone hadi pwani, na ambaye alifariki Zanzibar mwaka 1882. Majina mengi ya vijito na vilima yaliyomo katika vitabu vya wasafiri yalipita kwanza katika masikio ya watu kama Chuma, ndipo yakafika kwenye kalamu. Mwandishi alisikia mwangwi.

Mwangwi huo ndio uliowapa Wanyakyusa jina la Konde. Kusini ya Songwe, katika nchi ya Karonga, wako Wangonde, ndugu zao wa lugha, wenye mtawala wao mkuu aitwaye Kyungu. Wageni walisikia Ngonde, wakaandika Nkonde, kisha wakaandika Konde tu, wakalitandaza jina hilo mpaka Rungwe. Wamisionari wa Berlin na wa Moravian walipofika mwaka 1891 walilitumia hivyohivyo. Mizani haikupungua, kwa kuwa Ngo-nde na Ko-nde zote ni mbili. Lakini ile ng ya mwanzo, iliyokuwa kama mlango wa neno, ilibomolewa. Mtu wa pwani akisikia konde atafikiri ama shamba ama ngumi. Hata hivyo maneno yana ukaidi wake: Kanisa la Kilutheri lina Dayosisi ya Konde mpaka leo, na waumini wake hawaoni ajabu. Kosa la mgeni likikaa sana nyumbani, hupewa kiti.

Sauti ya Kyela yenyewe yafaa kuelezwa kidogo, maana wengi wa wasomaji wa visiwani huisoma kwa shida kama Waingereza. Katika Kiswahili, kiambishi ki kikikutana na irabu hugeuka ch, ndipo tukapata chakula na chombo. Kinyakyusa hakikufanya hivyo. Chenyewe kilizishika ky na fy: Mungu ni Kyala, na vyakula ni ifyakulya. Ulimi huikata k na kuiteremsha y papo hapo, bila kuingiza i kamili katikati. Anayesema Ki-ye-la ameingiza irabu isiyokuwamo. Tena Kinyakyusa kina irabu saba, nasi tuna tano. Kati ya i na e ipo nyingine, na kati ya u na o ipo nyingine. Mwandishi anayetumia herufi za Kiswahili huzitia mbilimbili katika kapu moja, na msomaji mgeni hana njia ya kuzitenganisha.

Sasa tuyaangalie maneno yaliyoingia Kiingereza yakiwa yamebeba mzigo fulani, angalau nusu.

La kwanza ni kungu. Livingstone aliposafiri juu ya ziwa mwaka 1861 aliona mawingu yakiinuka majini kama moshi wa nyika iungulayo. Yalikuwa mawingu ya visubi wadogo wasiouma. Wenyeji waliwakusanya, wakawaponda, wakawapika wakawa mikate myeusi. Yeye akaonja, akaulinganisha utamu wake na ule wa mayai ya samaki yaliyotiwa chumvi. Kitabu chake cha mwaka 1865 kikaliandika neno kungo. Wataalamu wa wadudu baadaye wakampa kisubi huyo jina la Kilatini, Chaoborus edulis, maana yake yule aliwaye. Funza wake huishi katika maji ya wazi, mchana huzama vilindini kujificha na samaki, usiku hupanda juu kula. Wakati wao ukifika huota mbawa wote kwa mamilioni, wakainuka nguzo kwa nguzo, na upepo ukiwaelekeza nchi kavu watu hutoka na vikapu na masufuria.

Kwa Mwingereza kungu ni mdudu tu. Lakini sikio la Kiswahili husikia zaidi. Katika Kinyanja, nkhungu ni ukungu, na visubi hao huitwa kwa neno hilohilo. Huo ndio ukungu wetu wa alfajiri. Aliyewapa wadudu hao jina hakuwa mtaalamu wa wadudu. Alikuwa mtu aliyetazama juu ya maji asubuhi, akaona ukungu, kisha ukungu ukamwingia machoni na mdomoni, akacheka, akaweka jina. Hiyo ni tashibihi, tena nzuri. Kamusi la Kiingereza limemhifadhi mdudu na kuitupa tashibihi.

La pili ni mbuna. Neno hili ni la Watonga wa pwani ya magharibi, nao huwaita hivyo samaki wadogo wa rangi nyingi wakaao miambani na kukwangua ukoga wa mawe. Geoffrey Fryer alilitumia katika utafiti wake wa mwaka 1959 juu ya samaki wa miambani, na tangu miaka ya 1960, samaki hao walipoanza kupelekwa ng'ambo kuuzwa kwa wafugao samaki katika masanduku ya kioo, neno likatapakaa Ulaya na Marekani. Huenda ndilo neno la Ziwa Nyasa litamkwalo zaidi duniani leo, nalo hutamkwa vibaya. Kiingereza hakina mb mwanzoni mwa neno, basi msemaji hutanguliza kairabu, akasema em-bu-na, mizani tatu.

Washairi wa pwani wanaijua siri hii vizuri. Mbuzi ni mizani mbili, kwa kuwa mb hapo ni sauti moja iliyofungana. Mbu nayo ni mizani mbili, kwa kuwa m imesimama peke yake. Herufi ni zilezile, hesabu si ileile. Mbuna imo upande wa mbuzi, si upande wa mbu. Wafugaji wa samaki wa Chicago hawana wa kuwaambia hivyo.

La tatu ni jozi, usipa na mbasa, nayo yaonyesha njia nyingine ya kupoteza. Usipa ni samaki mwembamba wa kimo cha kidole, huvuliwa usiku kwa taa na huanikwa kama dagaa. Mbasa ni mkubwa, mwenye nguvu, apandaye mito kwenda kutaga: Songwe, Kiwira, Mbaka, Lufilyo. Watawala wa Kiingereza hawakupenda kujifunza majina hayo. Usipa wakamwita sadini wa ziwa. Mbasa, kwa kuwa hupanda mito, wakamwita samoni wa ziwa. Sadini ni wa bahari, na samoni ni wa nchi za baridi, wala wawili hao hawana udugu wowote. Lakini usipa na mbasa ni jamaa wa ukoo mmoja, mkubwa na mdogo. Aliyewapa majina ya kwao aliwatenga ndugu wawili, akawatia kila mmoja katika nyumba ya watu baki. Mbuna alipoteza sauti. Hawa walipoteza ukoo. Uko pia utaka, samaki wa makundi alaye vidudu vya majini, ambaye jina lake lilichukuliwa na wataalamu bila kubadilishwa na limo vitabuni mwao. Yeye ndiye aliyevuka akiwa mzima, na sababu ni nyepesi: utaka halina mb wala ny wala ky. Lilipita forodhani kwa kuwa halikuwa na cha kulipia.

Neno la mwisho ndilo gumu kuliko yote, nalo ni ukwangala.

Katika miaka ya 1930 walifika katika nchi ya Wanyakyusa mume na mke, Godfrey na Monica Wilson, wataalamu wa mila za watu. Walifanya kazi huko hadi mwaka 1938. Waliishangaa desturi moja: wavulana wa umri wa miaka kumi hivi walitoka katika kijiji cha baba zao, wakajenga vibanda vyao kando, wakakua pamoja, wakaoa, na kijiji kikawa chao hadi uzeeni. Majirani walikuwa marika, si ndugu. Walipouliza kwa nini watu wakae hivyo, jibu lilirudi kwenye neno hilo moja. Ukwangala ni kukaa pamoja na wenzio mkila, mkinywa, mkizungumza na kutaniana kwa usawa; na pia ni malezi, kwa sababu mtu hupata hekima na adabu katika mazungumzo hayo, wala hazipati akiwa peke yake. Godfrey alifariki mwaka 1944. Monica akaandika kitabu, kikatoka mwaka 1951, na neno la Kinyakyusa akalifanya jina lake kwa Kiingereza: Good Company.

Kwa Kiingereza jina hilo ni zuri, lakini halina chakula ndani yake wala halina shule. Mtu wa Lamu, wa Unguja au wa Ngazija hana haja ya kuelezwa kwa urefu, kwa sababu ana barza. Barzani pia watu hukaa kwa usawa, kahawa ikizunguka, na kijana hujifunza kusema kwa kusikia wanaojua kusema. Hata hivyo barza si ukwangala kamili. Barza ni mahali, na ukwangala ni tendo. Barza humkusanya mzee na kijana, na ukwangala huwataka marika. Mfasiri akiweka barza atakuwa amemsogeza msomaji karibu na mlango, asimwingize. Na sauti yake? Irabu ya kwanza ya neno hilo si u yetu. Ni ile iliyo kati ya u na o, isiyo na herufi kwetu. Kwa hiyo hata hapa, kwenye ukurasa huu, neno limeandikwa pungufu.

Kitabu cha Monica Wilson hakikutungwa na masikio mawili tu. Alikuwapo Leonard Mwaisumo, mtu wa nchi hiyo, msaidizi na mkalimani wao, aliyesikiliza, akaandika na kufasiri. Ilichukua muda mrefu kabla mchango wa watu kama yeye haujachunguzwa kwa makini. Kitabu kizima juu ya Monica Wilson na wakalimani wake kilitoka mwaka 2013. Ni tofauti kubwa na habari ya Salimini, maana Mwaisumo alikuwa mtu huru, mwenye kalamu yake mkononi. Lakini nafasi yao katika neno ni moja. Wote wawili walisimama mahali ambapo lugha mbili hukutana, wakalibeba neno kutoka huku hadi kule, na jalada likachukua jina la mwingine.

Hapo ndipo penye jambo lenyewe. Watunga kamusi hawakuwa na masikio mabaya kuliko ya watu wengine. Livingstone aliongeza s ili sauti isiharibike. Rebmann aliandika kwa subira mpaka macho yakamwishia. Wilson alilipa neno la Kinyakyusa heshima ya kuwa jina la kitabu. Walichokosa ni kile ambacho mapokezi ya washairi wa pwani yamekijua tangu zamani. Kwetu utenzi haukamiliki mpaka mtunzi ajitaje mwishoni, aseme jina lake na la baba yake na mji wake, ili msomaji ajue maneno yametoka katika kinywa gani. Kamusi halina beti za namna hiyo. Neno huingia humo likiwa yatima, na kwa kuwa halina wa kulisemea, kila mmoja hulitamka apendavyo na kulipa maana itakayomfaa, hata ikawa mpaka wa nchi.

Basi mshairi wa Kiswahili atakayeliimba ziwa hilo, awe wa Kyela au wa Pemba, na alipe haki yake: Nyasa ni mizani mbili, na maana yake ni maji. Na akihitaji jina la kujazia kituo, lipo moja la mizani nne, ambalo wataalamu wachache wamelichunguza na washairi hawajalitumia: Sa-li-mi-ni.